Baba anataka kwenda Sachsenhausen, na mkalimani ni mimi

Shikamoo Mama Mshauri,

Naandika nikiwa nimetoka zamu ya usiku, kwa hiyo nikijirudia unisamehe.

Mimi ni mwanamke wa miaka 39, mzaliwa wa Tanga, na huu ni mwaka wangu wa tisa Berlin. Ni muuguzi. Nimeolewa na Mjerumani na tuna binti wa miaka sita. Mwezi wa kumi baba yangu anakuja kukaa nasi wiki tatu, mara yake ya kwanza kupanda ndege. Ana miaka 74, mstaafu wa bandari, anaishi peke yake tangu mama alipofariki. Viza imetoka na tiketi tumekata. Nilipomuuliza angependa kuona nini huku, nilitegemea atasema uwanja wa mpira, maana mpira ndio ugonjwa wake. Akasema: "Nipeleke pale alipofia Mahjub."

Kwa wasiomjua, Mahjub bin Adam Mohamed alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, baba yake Msudani, askari wa Mjerumani. Yeye mwenyewe aliingizwa jeshini bado mtoto, akapigana Vita Kuu ya Kwanza upande wa Wajerumani, akajeruhiwa Mahiwa, kule Lindi, mwaka 1917. Mwaka 1929 alifika Berlin, akadai mshahara wake na wa baba yake wa wakati wa vita. Hakuupata. Akabaki huku akifanya kazi ya kuhudumia mezani, akafundisha Kiswahili chuoni, akaoa Mjerumani. Huku walimjua kwa jina la Mohamed Husen. Mwaka 1941 alikamatwa kwa kuwa na uhusiano na mwanamke wa Kijerumani, jambo ambalo Wanazi waliliita kuchafua damu, akapelekwa kambi ya mateso ya Sachsenhausen bila kuonana na hakimu. Alifia humo tarehe 24 Novemba 1944.

Baba alisikia habari zake redioni miaka mingi iliyopita na hajamwacha tangu siku hiyo. Babu yake yeye naye alikuwa askari wa Mjerumani, na nyumbani kwetu hadithi ni hiyohiyo: vita viliisha, mshahara haukuja. Alikufa ametunza kikaratasi chake ndani ya mkebe wa majani ya chai. Baba anasema akifika pale atamsomea Mahjub Fatiha, "kwa sababu mtoto wa Kiislamu amekufa ugenini na sijui kama kuna aliyemsomea."

Ningekuwa sijawahi kufika huko ningesema sawa, twende. Lakini nimefika. Mwaka wangu wa pili hapa tulipelekwa na kozi ya lugha, safari ya siku moja, watu kama ishirini na mwongozaji mmoja, mama mpole aliyetusemea Kijerumani cha polepole. Tulipanda treni ya S1 mpaka Oranienburg, mwisho wa reli, tukatembea kwa miguu kama dakika ishirini katikati ya nyumba za watu. Bustani, maua, mtoto anaendesha baiskeli. Halafu ukuta.

Ndani kuna njia ya nusu duara iliyotengenezwa vipandevipande: hapa saruji, hapa changarawe, hapa mawe yaliyopondwa, hapa mchanga. Yule mama akatuambia kwamba wafungwa walitembezwa juu ya njia ile kutwa nzima, mpaka kilomita 40 kwa siku, ili soli za viatu zipimwe zinadumu vipi. Nilikuwa nimevaa raba zangu za kazini. Niliposikia changarawe inalia chini ya miguu yangu nilitoka kwenye njia, nikatembea pembeni kwenye majani.

Lakini paliponishinda ni jengo la kupasulia maiti. Mama, mle ndani kuna meza zimejengewa vigae vyeupe. Chumba kina mwanga mzuri, kisafi. Jana yake nilikuwa wodini. Nilijua daktari alisimama upande gani, vifaa viliwekwa wapi, nani alikuwa anashika nini. Ni watu wa kazi yangu. Nilitoka nikakaa nje kwenye majani hadi kundi likamaliza mzunguko wote, na kule kwenye tanuri sikufika. Mwongozaji aliponiuliza nikasema tumbo linauma. Sijamwambia mtu hadi leo, hata mume wangu.

Sasa baba hajui Kijerumani, na Kiingereza chake ni cha bandarini. Mkalimani ni mimi. Kila atakachosema mwongozaji kitapita kinywani mwangu kwenda masikioni mwa baba yangu. Kijerumani nilijifunza ukubwani, nikilitamka neno haliingii ndani sana. Kiswahili ndicho nilicholelewa nacho. Nimejaribu peke yangu jikoni kusema "walivuliwa nguo", "walichomwa", nikijifanya baba amesimama mbele yangu. Siwezi. Kuchoma kwangu mimi ni mahindi, ni samaki. Tanuri ni la mikate ya jirani yetu, tulikuwa tunatumwa asubuhi. Na najua kuna swali atauliza: "Alizikwa wapi?" Nitamjibu nini mzee wa Kiislamu?

Halafu mimi ni Mwafrika niliyeolewa na Mjerumani. Lile lililomfanya Mahjub afungwe ndiyo nyumba ninayorudi kulala.

Kaka yangu aliyeko Tanga amekuja juu. "Mzee ana presha, likitokea la kutokea utamrudisha vipi? Na hayo ni ya Wazungu wenyewe kwa wenyewe. Songea wamenyongwa watu wangapi, nani anakwenda kuwalilia?" Mume wangu anasema niamue mwenyewe, ila yeye hatakuja, kuna mambo ya babu yake ambayo kwao hayazungumzwi. Nimefikiria kumwambia baba kwamba pamefungwa kwa ukarabati. Lakini mara ya mwisho nilimdanganya baba nikiwa na miaka kumi na tano, na alijua.

Nifanyeje, Mama?

Binti wa Tanga, Berlin

*

Marahaba mwanangu. Pole na zamu, na pole kwa miaka yote hii uliyolibeba jengo lile kifuani peke yako.

Nilipoisoma barua yako mara ya kwanza niliona suala ni la mzee: umri, presha, safari ya kutwa, baridi. Niliporudia nikaona sehemu uliyoiandika kwa uangalifu kuliko zote haina baba ndani yake. Ni ile ya meza za vigae. Naona umefunga mambo mawili kwenye pindo moja la kanga: baba anataka kufika mahali, na wewe kuna mahali hujatoka tangu mwaka wako wa pili. Nikianza na la baba nitakuwa nimekuruka, kwa hiyo naanza na lako.

Umeandika "paliponishinda", ukaongeza ule uongo wa tumbo, kama mtu aliyetoroka msibani akaonekana. Mimi sijui kama neno hilo ni la haki kwako. Wenzako ishirini waliingia wakaona chumba. Wewe uliingia ukaona zamu ya kazi, na ukajua kwa mikono yako kwamba waliofanya vile walikuwa wamesoma, walinawa, waliandika ripoti. Hukukosea. Madaktari wa SS, kile kikosi cha Wanazi kilichoendesha kambi, waliwafanyia wafungwa majaribio katika hospitali ya kambi ileile. Mtu wa taaluma yako akikaa nje kwenye majani baada ya kuyaelewa hayo, sioni amemkosea nani heshima.

Kuna jambo jingine ambalo huenda hukulisikia kwa sababu ulikuwa nje. Mwezi wa nne mwaka 1945, majeshi ya Kisovieti yalipokaribia, SS waliwatoa wafungwa zaidi ya 30,000 na kuwaswaga kwa miguu kuelekea kaskazini-magharibi, na wengi walikufa au kupigwa risasi njiani. Ndani walibaki wagonjwa wasioweza kutembea, na pamoja nao madaktari na wauguzi waliokuwa wafungwa pia, jumla kama watu 3,000. Ndio askari wa Kisovieti na wa Kipolandi waliowakuta. Sikuambii haya ili yafute zile meza, hayazifuti. Nakuambia kwa sababu nao ni watu wa kazi yako.

Sasa baba. Unaamini kwamba kila neno la mwongozaji lazima lipite kwako. Je, ni lazima? Kwetu maneno mazito yana mshenga. Posa haipelekwi na mwenye kuposa, na binti kuna mambo hafundishwi na mama yake, hufundishwa na somo wake. Wazee wetu walijua kwamba kuna maneno ambayo mtoto na mzazi hawawezi kupeana uso kwa uso, wakaweka mtu katikati. Berlin ina Waswahili, nawe umekaa miaka tisa, huwezi kukosa mtu mzima mmoja, mwanamume wa rika la kumheshimu baba, atakayekubali kusimama katikati yenu siku hiyo. Wewe ukatembea pembeni kama mwana aliyekuja na mzazi wake, basi. Hatari yake naiona: baba anaweza kujisikia umemkabidhi kwa mgeni, na kama atalia, atalia mbele ya mtu baki. Wewe ndiye unayemjua kama hilo litamvunja au litampa nafasi.

Na hivi, ni kweli kwamba mzee hawezi kusikia "walichomwa"? Mwanamume wa miaka 74 ameosha maiti, ameteremka kaburini, amemzika mke wake. Amemfuatilia Mahjub tangu siku ile ya redio, na sidhani muda wote huo hajajiuliza maiti zilikwenda wapi. Huenda analijua neno unaloliogopa kabla hujalisema, na anayelindwa hapo jikoni kwako ni wewe. Huenda pia nimekosea. Kuna njia moja ya kujua, nayo ni kumuuliza kwenye simu kabla hajaja: "Baba, umesikia nini kuhusu mahali pale?" Halafu umwachie aseme.

Niliwahi kumpeleka mama yangu Mkunazini, Unguja, kwenye vile vyumba vya chini wanavyoonyeshwa wageni kuwa ndimo watumwa walimofungiwa. Kwenye boti kutoka Dar, saa mbili zote, nilikuwa napanga nitakavyomweleza. Tulipoteremka ngazi alishika ukuta kwa kiganja, akasema "haya", akapanda kurudi juu. Hata dakika tatu hazikufika. Nilidhani nimeharibu siku yake. Tuliporudi kwenye boti ndipo alipoanza kuzungumza, kuhusu bibi yake mzaa mama, mambo ambayo sikuwahi kuyasikia, na hakunyamaza mpaka tukaona taa za bandari.

Nakusimulia hivyo kwa sababu wewe unapiga picha ya ziara uliyoifanya mwenyewe: kundi, mwongozaji, mzunguko mzima tangu lango mpaka tanuri. Baba hakuomba ziara. Ameomba kufika na kusoma Fatiha. Hayo ni mambo mawili tofauti na yana njia tofauti.

Vikundi vya siku moja vinavyotoka mjini Berlin asubuhi vinaongozwa na watu wenye idhini ya makumbusho, na wengi wanaijua kazi yao vizuri. Lakini kundi lina mwendo wake. Ni saa nyingi za kusimama, uwanja ni mpana na hauna kinga ya upepo, na mwongozaji hawezi kuwasimamisha watu ishirini kwa ajili ya mzee mmoja anayetaka kukaa. Mnaweza kuingia wenyewe, hakuna kiingilio, mkaenda moja kwa moja mnakotaka na kuondoka mnapotaka. Ubaya wake ni kwamba bila mtu wa kueleza pale panaweza kuonekana kama kiwanja kitupu chenye kuta, na mzee akatoka akisema "kumbe ni hapa tu". Mnaweza pia kuomba mapema mwongozaji wenu peke yenu, mkamweleza kwamba mmekuja kwa ajili ya mtu mmoja, aliyefungwa humo tangu 1941 hadi 1944, na kwamba kuna chumba kimoja ambacho hamtakiingia. Hiyo ina gharama na inataka upange, lakini ndiyo inayokupa nafasi ya kusema unachokiweza na usichokiweza.

Lile swali la kaburi usilisubiri likukute uwanjani. Kambini maiti zilichomwa, na karibu na mabaki ya jengo la tanuri, lile waliloliita Kituo Z, yapo maeneo yaliyozikwa majivu ya watu. Kuhusu Mahjub mwenyewe, waandikie makumbusho sasa hivi, uulize kumbukumbu zao zinasema nini juu ya mabaki yake. Ukipata jibu kwa maandishi, baba atakuwa na kitu cha kushika, huenda chenye uzito hata kuliko kile kikaratasi cha babu yake. Na yeye amuulize shehe wake Tanga kabla ya safari: dua kwa maiti asiye na kaburi linalojulikana, sala ya ghaibu, masheikh wana maneno yao kuhusu hayo na wao ndio wa kumjibu. Akija amekwisha kuuliza, wewe hutakuwa mufti pale kwenye upepo.

Ipo njia fupi zaidi. Brunnenstraße namba 193, hapohapo Berlin, kuna jiwe la Mahjub. Wajerumani wanayaita mawe ya kujikwaa, kibao cha shaba cha sentimita kumi kwa kumi kilichopandwa kwenye njia ya waenda kwa miguu, mbele ya nyumba aliyoishi mtu aliyeuawa na Wanazi. La kwake liliwekwa mwaka 2007. Ni dogo kiasi kwamba lazima uiname kulisoma. Hakuna meza pale, hakuna tanuri, kuna mlango tu na watu wanapita na mikoba ya sokoni. Unaweza kumpeleka huko kwanza, siku za mwanzo, umwangalie anavyopokea, ndipo mjadili la Oranienburg. Ila angalia: baba amesema "alipofia", hakusema "alipoishi". Ukimpa kidogo badala ya kikubwa bila kumwambia, atajua, kama alivyojua ulipokuwa na miaka kumi na tano. Hilo la kusema pamefungwa nadhani wewe mwenyewe umekwisha kulijibu kwa kunikumbusha siku hiyo.

Ukweli nao una hatari yake. Ukimwambia, "Baba, nilikwenda nikashindwa kumaliza," anaweza kusema papo hapo, "Basi mwanangu, tuache," na akameza hamu yake ya miaka yote ili wewe usiumie. Wazazi wetu ni mafundi wa hilo. Kwa hiyo ukimwambia, mwambie na unachokiomba: kwamba humwombi aache, unaomba mtafute pamoja namna ya kwenda.

Kaka yako usimwone adui. Presha si mchezo. Mzee aonane na daktari wake kabla ya ndege, dawa azibebe kwenye mkoba wa mkononi, na kutoka stesheni chukueni basi au teksi badala ya kutembea. Kuhusu Songea naye ana uchungu wa haki. Nduna Songea Mbano alinyongwa mwezi wa pili mwaka 1906, na makumi ya wenzake wakanyongwa siku hizohizo. Lakini wapo wanaokwenda, kila Februari watu hukusanyika pale kwenye makumbusho ya Maji Maji. Huenda baba na kaka yako waende mwakani, nasema tu.

Lile la "Wazungu wenyewe kwa wenyewe" ningelitafakari na baba kabla ya safari, pande zote mbili. Mahjub alikuwa wetu, na hakuwa malaika. Alivaa sare ya mkoloni, na baadaye, kutafuta riziki, aliigiza kwenye filamu za kuusifu ukoloni, pamoja na ile ya mwaka 1941 ya kumtukuza Carl Peters, yule ambaye wazee wetu walimwita Mkono wa Damu. Babu yake baba naye alipokea bunduki ileile. Hilo mnaweza kulizungumza bila kumvunjia mtu heshima. Na humo ndani walipita watu zaidi ya 200,000 kati ya 1936 na 1945: wapinzani wa serikali, Wayahudi, Wapolandi, Wasinti na Waroma (wale walioitwa majipsi), Mashahidi wa Yehova, mashoga. Majira ya vuli ya 1941, yaleyale aliyoingia Mahjub, wafungwa wa vita wa Kisovieti wasiopungua 10,000 waliuawa pale, wengi kwa risasi ya kisogoni. Mkienda kwa ajili ya mmoja, si vibaya dua ikawa pana.

Mume wako nisingemsukuma. Amekuambia kitu kikubwa, kwamba kwao kuna mambo hayazungumzwi, na huenda siku moja atakuambia zaidi kwa sababu hukumlazimisha. Kama anataka kushiriki bila kuingia, anaweza kuwasubiri na gari Oranienburg akawarudisha nyumbani. Binti yenu wa miaka sita abaki na mtu siku hiyo.

Wewe unaweza kwenda mpaka mlangoni ukaishia hapo. Unaweza kuingia ukaruka jengo lile. Unaweza kumwachia baba mtu mwingine, ukabaki nyumbani unapika, ukamsikiliza jioni. Zote hizo nimezifikiria na kila moja ina kitu inachochukua kwako. Sitakuchagulia, kwa sababu mimi sitakuwa kwenye ile treni.

Mpigie simu wiki hii, akiwa ametoka Alasiri, wakati ule anaokaa barazani. Muulize akifika pale anataka kufanya nini hasa, hatua kwa hatua. Na umwambie aje na viatu vya kufunga na soksi nzito. Mwezi wa kumi Berlin atavihitaji, iwe ni Oranienburg au Brunnenstraße.